Jiwe la Mwitika Kesho

Siku moja ninayoikumbuka kuliko hata siku ya harusi yangu, mwanangu, ni ile mama mkwe wangu alipopanda jiwe na goti lake bovu, mgongoni kambeba mtoto wangu, akanikuta nimekaa juani kama mjusi. Akaniuliza, "Wewe, unamngoja nani?" Nilikuwa bado binti, ngozi haijakunjamana hivi. Nitakueleza nilikuwa namngoja nani. Lakini kwanza kaa vizuri, na hiyo simu itie mfukoni, maana habari hii haimtaki mtu mwenye shingo iliyopinda.

Kijijini kwetu, ukiiacha barabara ya Kahama na kushika njia ya ng'ombe, kuna majabali mawili yanayotazamana, kila moja kubwa kuliko kanisa. Katikati yake pana uwazi wa kupita kundi. Majabali mengine yenye adabu ukiyaita yanakuitikia hapo hapo. Haya yetu, ambayo sisi tunayaita jiwe moja tu kama mume na mke wanavyoitwa nyumba moja, hayaitikii. Unaita, sauti inaingia kwenye ule uwazi, halafu kimya. Waweza kuita mpaka koo likukauke. Kisha siku nyingine, pengine masika yajayo, pengine baada ya miaka ambayo hata umesahau kwamba uliwahi kuita, sauti yako inatoka pale mbichi kama ulivyoitoa. Wazee walilipa jina refu la Kisukuma. Kwa Kiswahili tuseme Mwitika Kesho.

Usinitazame hivyo. Wamekuja watu wa mjini, wakapiga makelele, wakangoja kidogo, wakacheka, wakaenda zao. Sisi tuliozaliwa jirani nalo tunajua. Mama mmoja alikuwa akipita na mzigo wa kuni akasikia kicheko chake mwenyewe cha usichana, cha kabla hajang'oka meno. Akatua kuni, akasikiliza, akalia. Ng'ombe nao walisumbuka sana pale, maana waliitwa kwa mluzi na mchungaji aliyekwisha kufa. Na kulikuwa na mabwana wawili waliogombania mpaka wa shamba, wakatukanana pale jiweni hadi wakatajiana mama zao. Walipatanishwa, wakawa marafiki, wakaozana watoto. Siku bibi harusi anapitishwa, ngoma inalia, jiwe likaanza kuyatapika yale matusi yote mbele ya wakwe. Mimi mwenyewe nilikuwepo, nikaziba mdomo kwa kanga ili nisionekane nacheka. Ndiyo maana kwetu mtoto hufundishwa mapema kwamba pale jiweni hawagombani.

Palikuwa na desturi tuliyoiita kuacha sauti. Mtu akiondoka kwenda mbali, akafuate dagaa Nkome au akachimbe dhahabu Geita, asubuhi ya safari hupanda pale peke yake na konzi ya mtama. Huumwaga mtama juu ya jiwe, kisha humwita yule anayemwacha nyumbani, akamwambia neno. Anayeachiwa neno hapaswi kuwepo. Atalipata mwenyewe siku ambayo jiwe litapenda, naye aliyesema yuko mbali, na moyo wake utatulia. Wazee waliongeza sharti moja: sauti hukutwa, haingojwi. Utaikuta ukiwa unapita na ndoo yako kichwani na mawazo yako mengine. Ukiketi kuingoja, hujui utakachokipoteza. Sharti hilo nililisikia tangu nikiwa mtoto, nikaliona ni maneno ya wazee wenye wivu na muda wa vijana.

Mume wangu aliitwa Masanja. Alikuwa mrefu, mikono mikubwa, na bahili wa maneno. Aliweza kumaliza sahani ya ugali bila kusema zaidi ya "ongeza mlenda." Mwanzoni nilidhani nimeolewa na bubu. Baadaye nikajua kuyasoma mabega yake: yakishuka, amechoka, yakipanda, ana jambo la kunichekesha ila hajui pa kulianzia. Nilimpenda, mwanangu. Sioni haya kusema. Na kwa sababu alisema kidogo, kila neno lake nililiweka.

Aliondoka wakati wa kiangazi, mimi nina mimba kubwa, nikitarajia kujifungua mvua zikishaanza. Mahindi yalikuwa yametuangusha mwaka ule, na vijana wote walikuwa wakizungumza habari za Geita. Asubuhi ile nilimwona akichota mtama, akaenda jiweni. Mimi nilibaki nyumbani nikimfungia michembe ya njiani, vile viazi vitamu vya kukaushwa, masikio yote yako huko, ingawa kutoka kwetu husikii kitu. Aliporudi nilimuuliza, "Umesema nini?" Mabega yakapanda. Akaniambia, "Utasikia."

Ndilo neno la mwisho nililopata kutoka kwake la maana. Mengine yalikuwa ya kuaga tu, kama anavyoaga mtu yeyote.

Hakuziona mvua. Mwenzake alirudi na shati lake na godoro lililokunjwa. Duara, ndivyo wachimbaji wanavyoliita shimo lao, lilikuwa limeporomoka yeye akiwa chini, na mwamba ulikaa vibaya hata wenzake hawakuweza kumtoa. Basi akabaki kule kule. Tulikaa matanga, tukaanua matanga, na nyumbani hapakuwa na kaburi. Sijui kama utanielewa hapa. Mtu asipokuwa na kaburi la kulilia hutafuta pa kupeleka machozi yake. Mimi nilipajua pa kuyapeleka. Masanja wangu alikuwa bado hajasema neno lake la mwisho. Lilikuwa ndani ya jiwe, na mwenyewe aliniahidi kwamba nitasikia.

Mtoto akazaliwa, msichana. Ilikuwa mvua kubwa, na kwetu aliyezaliwa na mvua akiwa wa kiume huitwa Mabula, wa kike Kabula. Mama mkwe wangu akampa jina hilo bila kuuliza mtu. Yeye tulimwita Mayu Holo. Mayu ni mama kwa Kisukuma.

Nikishamaliza kunyonyesha, nilimwachia Mayu mtoto nikasema nakwenda kuni. Njia ya kuni ikapita jiweni. Baadaye nikasema nakwenda kuanika mihogo, kwa sababu juu ya jiwe hukauka vizuri. Baadaye sikusema kitu, nilikwenda tu. Nilikaa pale tangu umande unakauka mpaka ng'ombe wanarudi. Nilisikia mambo mengi, usidhani jiwe lilinyamaza. Nilisikia wanawake wakiulizana bei ya chumvi, bei ambayo wewe ukiisikia utacheka. Nilisikia mtu akikohoa. Nilisikia mzee mmoja akiomba mvua, na mvua ile ilikwisha kunyesha na kukauka zamani. Kila sauti ikianza nilisimama, halafu nikakaa tena. Siyo yeye. Nikajiambia subira yavuta heri. Maziwa yakanikauka kifuani, Mayu akaanza kumpa mtoto uji wa uwele, nami nikaona sawa tu, kwani si anashiba?

Mwaka ukapita hivyo. Mtoto akatambaa, sikumwona akianza. Akasimama, niliambiwa.

Sasa narudi kwenye siku ile ya mwanzo. Mayu Holo alikuwa na goti lililovimba, hata kwenda kisimani alikuwa akituma watu. Kumwona amepanda jiwe na mtoto mgongoni kulinishtua. Nikainuka.

"Shikamoo, mayu."

"Marahaba. Kaa. Nimekuuliza unamngoja nani."

"Unamjua, mayu."

"Namjua. Nilimzaa." Akakaa taratibu, akamfungua mtoto mgongoni. "Mchukue mwanao, mgongo unaniuma."

Nikanyoosha mikono. Kabula alinitazama, mwanangu, kama unavyomtazama mgeni aliyekosea nyumba. Akageuka, akamshika Mayu shingoni kwa mikono yote miwili, akalia, "Mayu! Mayu!"

Lilikuwa neno lake la kwanza ninalolisikia, na hakuniita mimi.

Mayu Holo hakumbembeleza. Alimwacha alie, kisha akaniambia, "Umesikia? Ndiyo sauti uliyokuja kuingoja leo. Sasa nikuambie lililonipandisha huku. Shemeji yako amekuja."

Shemeji yangu, kaka yake Masanja kwa baba mkubwa, alikuwa akifanya biashara ya mpunga Kahama. Mkewe hakujaliwa mtoto.

"Anasema siku ya mnada ujao atakuja kumchukua Kabula akamlee yeye. Nimeshindwa kumjibu. Nikimwambia mtoto ana mama, ataniuliza yuko wapi. Nimwambie nini? Nimwambie yuko juu ya jiwe anaongea na mihogo?"

"Mayu, siku moja tu nikishamsikia, nitashuka. Nakuapia. Subira..."

"Usinitajie subira! Ngoja ngoja huumiza matumbo, na tumbo linaloumia ni la huyu." Akampigapiga mtoto mgongoni. Alipoanza tena, ukali ulikuwa umepungua. "Ng'wanone, mwanangu, unadhani wewe ndiye wa kwanza kukaa hapo? Hapo ulipokaa pamelainishwa na makalio yangu. Baba yake Masanja alikwenda kuuza ng'ombe, akaacha sauti, akafia njiani kwa homa. Nilimngoja hapa. Masanja wangu alikuwa mdogo, akilelewa na shangazi yake. Nami siku moja nikamsikia mume wangu. Sauti yake yenyewe, haikupungua kitu. Unajua alisema nini?"

"Hapana, mayu."

"Alisema, 'Mabaka! Toka kwenye mtama wa watu, Mabaka, we dume lisilo na haya!'"

Nikamtazama.

"Alikuwa akilifukuza dume lake la ng'ombe. Siku nyingine kabisa, kabla hata sijaolewa. Nimengoja mpaka nikakonda, nikaitiwa ng'ombe." Akaanza kucheka, mabega yanamtetemeka, mpaka nikaona kwamba machozi yanamtoka pia. "Nikashuka kwenda kumchukua mwanangu. Masanja alikuwa amekwisha kujifunza kukaa kimya. Mtoto asiyeitikiwa huacha kuita. Ulikuwa ukilalamika kwamba mumeo hasemi? Mimi ndiye niliyemnyamazisha. Nilikuwa hapa."

Mayu akamfunga mtoto mgongoni, akashuka kwa makalio kama watoto wanavyoshuka, kwa sababu ya goti. Nilisimama kidogo. Nitakwambia kweli: hata baada ya maneno yale mguu wangu mmoja ulitaka kubaki. Kisha nikamfuata.

Usidhani mtoto alinikimbilia. Hadithi za namna hiyo ni za kubembelezea watu. Alikataa mkono wangu, alikataa uji wangu, nikimwogesha alilia kana kwamba namtia mafuta ya moto. Nilitafuna michembe nikamlainishia, akaitema. Niliendelea tu. Siku ya mnada shemeji akaja kweli, na gauni jipya na biskuti, mtu mwema hasa, sina la kumsema. Akauliza, "Mama yake yuko wapi?" Kabula alipomwona mgeni akakimbilia kwa Mayu. Mayu akamwinua, akaja naye mpaka nilipokaa, akamweka mapajani mwangu na kumshikilia hapo kwa mkono. Akasema, "Mama yake huyu hapa." Mtoto akalia, akanipiga, akalia tena, hadi akasinzia kifuani kwangu kwa kuchoka. Shemeji alinywa maji, akaacha gauni, akarudi Kahama. Basi ndivyo nilivyompata mwanangu, kwa kushikiliwa.

Kuna msemo wa Waswahili, usiache mbachao kwa msala upitao. Mkeka wako uliochakaa ni bora kuliko ule mzuri wa mpita njia. Mimi nilikuwa na mkeka wangu, tena mpya, nikauacha kwa ajili ya mkeka uliokwisha kupita.

Miaka ikaenda. Mayu Holo tukamzika nyuma ya nyumba, naye yuko na kaburi zuri, nalifagia mwenyewe. Kabula akakua, akawa na mdomo ambao sijui kaupata wapi, maana baba yake hakuwa nao. Akajifunza cherehani, akapata chumba cha kushonea huko Geita mjini, Kalangalala. Siku ya kuondoka nilimsindikiza barabarani kukamata basi. Hakutaka kuacha sauti, alisema ni mambo ya kizamani, nami sikumlazimisha. Tulipita pale uwazini yeye na begi lake, mimi na mfuko wa mchele kichwani, na nilikuwa nikimsema kwa sababu ya viatu. Alikuwa amevaa viatu vya mjini, vyenye visigino, katika njia ya ng'ombe! Namwambia, "Utavunjika mguu kabla hujaiona hiyo Geita," naye ananijibu kwamba mguu ni wake.

Hapo ndipo jiwe lilipoita.

"Mabula!"

Nikasimama. Mfuko wa mchele uliteleza, sikuushika.

"Kabula!"

Sauti ile, mwanangu. Nilikuwa nimeisahau, naapa, nilikuwa nimesahau kwamba ilikuwa na mkwaruzo kidogo mwishoni. Aliita polepole, kwa aibu, kama mtu asiyezoea kusikika. Alikuwa hajui kama atapata wa kiume au wa kike. Alijua tu kwamba mvua zitakuwa zimefika. Basi akaita majina yote mawili. Kisha akasema, "Wewe yeyote utakayekuja. Mimi ndimi baba yako. Mwambie mama yako ghala linavuja upande wa jua linapochomoza. Nitalitengeneza nikirudi."

Basi. Hakuna lingine.

Kabula alikuwa amesimama na begi lake, mdomo wazi. Hakuwahi kumsikia, hakuwa hata na picha yake. Lakini mtoto wa kike aliyelelewa kwetu, akiitwa na mkubwa, anajua la kufanya. Akatupa begi chini, akapiga magoti katika vumbi na vile viatu vyake, akaitika kwa sauti yote aliyokuwa nayo:

"Abee, baba!"

Jiwe likanyamaza. Sauti yake iliingia mle ndani, kama zinavyoingia zote, ikapotea.

Nilikaa chini juu ya mchele. Nilicheka kwanza, kwa sababu ghala lile lililiwa na mchwa kabla Kabula hajaota meno, na mimi nilijua linavuja, mahindi yangu mwenyewe yalinyeshewa humo! Halafu nililia. Nililia kwa ajili yake, na nitasema na hili ijapokuwa halinipendezi: nililia pia kwa sababu hakuniita jina. Nilimngoja mwaka mzima juu ya jiwe kwa ajili ya jina langu tu. Kabula alikuja akanishika mabega, akaniambia, "Mama, amesema nikwambie. Ghala linavuja." Basi lilipita, tukaisikia honi yake, likatuacha. Tukarudi nyumbani kulala, akaondoka kesho yake.

Nikawaza baadaye: kama ningelikuwa bado nimekaa pale siku zile zote, na mtoto kachukuliwa Kahama, nani angeitika? Neno halikuwa langu. Lilikuwa la Kabula, nami ilibaki kidogo sana nimkoseshe neno lake.

Sasa wewe, mwana nisiyekuzaa, unafunga begi unakwenda machimboni, na wenzako wengi. Nasikia jiwe lenyewe siku hizi mmelihamishia kwenye simu. Mnarekodi sauti, mnatuma, mama yako anazunguka na simu shambani akitafuta mtandao. Sikukatazi. Lakini nisikilize. Ukiwa na neno la mtu, mwambie yeye, usoni pake, kabla hujavuka kizingiti. Usimwachie jiwe wala simu. Kama paa linavuja, litengeneze kabla hujaondoka. Kama unampenda, sema, hata kama mabega yanapanda. Usimwambie mtu "utasikia", maana hujui unamfunga kwa kamba ya urefu gani. Na ukifiwa, lia. Lia sana, mimi bado nalia. Ila lia huku umembeba aliyebaki, kwa sababu aliye hai anaita leo, na asipoitikiwa ataacha kuita.

Mimi nikipita pale jiweni bado napunguza mwendo, sikufichi. Sikai. Nabadilisha tu ndoo mkono, kama nimechoka, nikisikiliza kidogo. Ile "Abee, baba" haijarudi bado. Imo mle ndani ilimokaa sauti ya Masanja, na hainiudhi kwamba inachelewa. Pengine itatoka mimi nikiwa nimelala karibu na Mayu Holo. Ukiwa unapita siku hiyo, vua kofia yako, uwaache baba na bintiye wasalimiane.

Haya, nenda. Mungu akutangulie huko chini ya ardhi, na mwamba ukae imara juu yako. Njaa ikukose, homa ikukose, tamaa ikukose. Ukiita, pawe na mtu wa kukuitikia siku hiyo hiyo. Na ukiitwa, mwanangu, uwepo.